R na L kwenye Chumba cha Mafaili

Bibi mmoja kutoka Nyamuswa nusura afe kwa sababu ya herufi moja, na herufi hiyo niliiandika mimi.

Nilikuwa mtunza kumbukumbu kwenye kituo cha afya wilayani Bunda. Cheo hicho kinasikika kikubwa kuliko chumba chenyewe. Kilikuwa chumba kimoja chenye dirisha dogo la kuongea na wagonjwa, rafu za mbao kwenye kuta tatu, na mafaili yaliyopangwa kwa alfabeti. Nilianza pale kama mfagiaji. Aliyekuwa akitunza mafaili akahamia Musoma, hakuletwa mwingine, nikaambiwa nishike nafasi kwa muda. Muda huo ulikuwa umeingia mwaka wa tisa.

Kazi yangu ilikuwa hivi: mgonjwa anakuja dirishani, anataja jina, natafuta faili lake. Nikilipata nalipeleka kwa daktari. Nisipolipata nafungua jipya. Yule bibi alikuja asubuhi na mkwe wake, mke wa mwanawe. Alikuwa na kidonda mguuni kilichokuwa kimeanza kutoa harufu. Akalitaja jina lake kama anavyolitaja siku zote, na mimi nikasikia R. Nikatafuta kwenye R mara mbili, sikuliona. Foleni ilikuwa imetoka nje hadi kwenye mabomba ya kunawia. Nikafungua faili jipya.

Muuguzi alimuuliza kama kuna dawa inayomdhuru. Mkwe alisema hajui. Bibi mwenyewe alijibu kwamba amechomwa sindano nyingi tangu usichana wake na bado yuko hai. Akachomwa. Dakika chache baadaye midomo ikavimba, macho yakafungana, pumzi ikaanza kumtoka kwa shida. Nilimsikia muuguzi akiita, nikaona watu wakikimbia koridoni. Walimwahi. Alipelekwa kwa gari la wagonjwa Bunda mjini, akalazwa siku mbili, akapona.

Mchana ule, foleni ilipokwisha, niliteremsha rafu nzima nikaanza kutafuta. Faili lake lilikuwa kwenye L. Jalada lilikuwa limechakaa, na juu yake kwa kalamu nyekundu mtu aliyenitangulia alikuwa ameandika jina la dawa ileile, na chini yake: ASIPEWE.

Mkwe wake alirudi siku ya tatu kufuata kadi waliyoiacha. Hakunigombeza. Aliniuliza jambo moja tu: "Siku zote tunakujaga hapa. Sasa jina lake lilipoteaje?"

Nilimwonyesha mafaili mawili. Akayatazama, akanitazama, akaondoka.

Mtu wa pwani anaweza kuona ni uzembe wangu tu. Lakini wa kwetu Mara anajua. Katika lugha zetu nyingi za nyumbani, ile sauti si R wala L; ulimi unagusa na kuondoka, basi. Tukifika kwenye Kiswahili, kila anayeshika kalamu anaandika alivyosikia yeye. Tena wengi wetu nyumbani tuna irabu saba, na shule ilitupa herufi tano, kwa hiyo jina moja likienda kwa karani mmoja linapata e, kwa mwingine linapata i. Hapo hujaweka wale wanaoandika gh na wale wanaoandika g peke yake. Mtu mmoja mwenye afya mbaya anaweza kuwa na mafaili matatu kwenye rafu moja, na kila faili likasema habari tofauti.

Nilikwenda kwa mganga mfawidhi, mkuu wetu wa kituo, nikamweleza hayo. Ni mtu wa haki, lakini alikuwa amechoka. Aliniambia niongeze umakini. Nikamjibu kwamba umakini ninao, na umakini wangu ndio uliotafuta R mara mbili. Akasema basi tusubiri, kuna siku mfumo wa kompyuta utaletwa. Nikamuuliza kama huo mfumo utajua kwamba R ya hapa ni L. Akacheka kidogo, akasema hayo ni mambo ya watu wa programu.

Jumamosi iliyofuata nikapanda basi kwenda Musoma kuwatafuta watu wa programu.

Niliingia kwenye chuo kimoja cha kompyuta mjini. Mkufunzi alinipokea vizuri, akanipa kiti, akaomba kuona cheti changu cha kidato cha nne. Hesabu nilipata F. Alikitazama, akakikunja kwa adabu na kunirudishia.

"Mama, programu siyo kuchapa," alisema. "Kule ni hesabu tupu. Chukua kozi ya msingi, miezi mitatu tu, utajua kuandika barua na kuipanga vizuri."

Nilimuuliza kama kwenye kozi hiyo ya msingi kuna somo la kutengeneza kitu ambacho hakipo. Akasema hapana. Nikamshukuru, nikainuka. Angenitukana ningeumia kidogo. Alivyosema kwa upole, kama mtu anayemzuia mtoto asiguse jiko, ndivyo nilivyoumia sana.

Nikateremka hadi mwaloni, kwenye soko la samaki ufukweni, nikanunua furu, wale samaki wadogo wa ziwani, wa kukaanga kwenye kipande cha gazeti, nikawala nimesimama, nimekasirika. Kwenye simu yangu kulikuwa na programu ya akili mnemba, ile ya kuandikiana nayo. Binti yangu aliiweka alipokuja likizo kutoka chuo cha ualimu, ili nisiwe namsumbua kila ninapoletewa waraka wa Kiingereza. Nilifuta mafuta vidoleni, nikaandika kwa Kiswahili: Nina miaka arobaini na saba, hesabu nilipata F, naweza kujifunza kutengeneza programu ya kompyuta?

Ilinijibu kwa sifa nyingi. Ikanipongeza kwa ujasiri, ikaniambia umri ni namba tu, ikaniwekea na alama ya kupiga makofi. Nikaandika: Acha sifa. Naanzia wapi?

Ikaacha sifa. Ikaniuliza ninataka programu ifanye nini. Nilieleza habari ya yule bibi, bila jina lake, na ilikuwa mara ya kwanza kuisimulia yote tangu mwanzo. Majibu yaliyokuja hayakunipa pole ndefu. Yaliniuliza: Unapotafuta faili kwenye rafu, unafanya nini kwanza, halafu nini, halafu nini? Niandikie kila hatua, hata zile unazoona ni za kijinga.

Nilikaa kwenye jiwe pale mwaloni, wachuuzi wa sangara wakinipita na beseni zao, nikaandika. Nasikia jina. Nachukua herufi ya kwanza. Naenda kwenye rafu yake. Navuta faili, nasoma, kama siyo narudisha, navuta linalofuata. Naendelea mpaka nilipate au rafu iishe. Ikanijibu kwamba hiyo ndiyo programu, kilichobaki ni kuiandika kwa lugha ambayo kompyuta inaisoma. Nilisoma mstari ule mara kadhaa. Miaka tisa nilikuwa nafanya kwa mikono kazi ambayo yule mkufunzi aliniambia siiwezi kwa kichwa.

Stoo kwetu kulikuwa na kompyuta iliyofunikwa kitenge, iliyoletwa zamani na mradi uliokwisha. Mganga mfawidhi aliniruhusu kuitumia saa ya chakula cha mchana, kwa sharti moja ambalo alilirudia mpaka nikalishika: jina la mgonjwa lisiingie kwenye simu yangu wala kwenye mtandao, hata moja. Nilikubali na nimelishika mpaka leo. Kwa hiyo nilijifunza kwa majina ya ng'ombe. Marehemu baba yangu kule Bugwema aliwapa ng'ombe wake wote majina, na mimi ndiye niliyekuwa nikiwaita jioni warudi zizini. Niliyakumbuka karibu yote. Nikayaandika moja moja, mengine kwa R, mengine kwa L, kama makarani wawili wangeyaandika.

Siku za kwanza zilinitesa. Nilikuwa nafanya mazoezi kwenye simu nikiwa nyumbani, na simu inapenda kuanza kila mstari kwa herufi kubwa. Amri ya kuonyesha maneno kwenye kioo inaandikwa "print" kwa herufi ndogo. Simu ikaniandikia "Print". Kosa. Nikarudia. Kosa. Nikaamini kwamba F yangu imenifuata. Nilipompelekea mwalimu wangu wa simu, ndivyo nilivyoanza kuiita ile akili mnemba, mstari ule, akaniuliza tu kama kuna tofauti kati ya p yangu na p aliyonionyesha. Nilikaa nikiitazama ile P kubwa kama adui. Jioni nzima ilikwenda kwenye P.

Wiki ya pili nikapata tamaa. Nilichoka na hatua ndogondogo, nikamwambia aniandikie programu nzima ya kutafuta majina. Akaiandika papo hapo, ndefu, safi. Nikaipeleka kwenye kompyuta, ikafanya kazi. Nikamwita muuguzi aje aone, nikajisikia mtu. Kesho yake nikataka kuongeza sehemu ya kijiji. Nikagusa mstari mmoja, yote ikaanguka. Sikujua kwa nini ilikuwa imesimama, kwa hiyo sikuweza kujua kwa nini imeanguka. Niliifuta yote.

Kisha nikaandika kwenye simu: Kuanzia leo usiniandikie programu. Nikikosea, nitajie mstari, usinipe jibu. Nikikuomba jibu, nikatalie. Niulize swali mpaka nione mwenyewe.

Alikubali, na mara nyingi alitii. Akisahau akaniandikia jibu, nilimgombeza, akarudi kwenye maswali. Siku moja nilikuwa na homa, nimechoka, mabano hayafungi, nikamwomba jibu kweli. Akanikumbusha nilichomwagiza. Nikamtukana kwa lugha ya nyumbani, tusi zima la Bugwema. Akajibu kwamba samahani, hafahamu vizuri lugha hiyo, kama ningeweza kueleza kwa Kiswahili. Nilicheka peke yangu stoo mpaka mhudumu wa usafi akachungulia. Halafu nikayahesabu mabano moja moja, nikaona lililokosekana.

Hivyo ndivyo nilivyojifunza, kwa miezi, saa ya chakula na Jumamosi asubuhi. Nilijifunza kwamba kompyuta haikukasirikii. Ukisahau nukta mbili mwisho wa mstari inakwambia umekosea mstari wa kumi na mbili, na ukirekebisha haikumbuki tena. Shuleni sikuwahi kusahihishwa namna hiyo. Shuleni nikikosa nilisimama mbele, na darasa zima lilikaa na kosa langu mpaka mwaka uishe.

Ilipofika kwenye sauti, ndipo mimi na mwalimu wangu tulipogombana kweli. Alinifundisha njia moja ya zamani ya kutafuta majina yanayofanana kwa sauti. Inashika herufi ya kwanza ya jina, inatupa irabu, konsonanti zinageuzwa namba. Akasema inatumika sehemu nyingi duniani. Niliiandika mwenyewe mwanzo hadi mwisho, nikawapitisha ng'ombe wa baba. Yule aliyeandikwa kwa R na yuleyule aliyeandikwa kwa L wakatoka wanyama wawili tofauti, kwa kuwa njia ile haigusi herufi ya kwanza. Na majina yetu yanayoanza na Nya, ambayo ni mengi, mengine yakarundikana pamoja kama ni mmoja, kwa sababu ukitupa irabu kwenye majina yetu hakibaki kitu.

Nikaandika: Njia yako haifai.

Akajibu kwa adabu kwamba njia hiyo ni ya kuaminika, huenda nimekosea kuingiza. Hapo nilikasirika kama nilivyokasirika mjini Musoma. Nilimpelekea majina ishirini ya ng'ombe, jina na matokeo yake, moja baada ya lingine, bila kuongeza neno. Safari hii jibu lilibadilika. Alikiri kwamba nimesema kweli. Njia ile ilitengenezwa kwa ajili ya majina ya Kiingereza, na yeye aliipendekeza bila kufikiria majina ya kwetu.

Nikamwambia: Basi tutatengeneza yetu. Mimi najua sauti, wewe unajua mabano.

Kwa kweli sikuzijua sauti zote. Kituo chetu kinapokea watu wa lugha nyingi, na mimi nina yangu moja. Jumapili baada ya ibada nikaenda Butiama kwa dada yangu mkubwa, ambaye aliolewa huko na amekaa na majirani wa kila kabila la mkoa huu. Dada aliishia darasa la nne na ni mgomvi tangu utoto. Nilimkuta anabangua karanga. Nikachukua ungo mwingine, nikaanza kubangua naye, huku nikimwambia majina ya watu tuliowajua na kumuuliza kila lugha inavyoyatamka. Aliyatamka, nami nikayaandika kwenye daftari. Sauti hii na hii ni moja. Hii ikirefuka wanaandika herufi mbili, wengine moja. Hii kwa wale ni b, kwa hawa ina pumzi ndani.

Tulipofika katikati aliacha kubangua.

"Sasa hii kompyuta yako ikishajua, itaandika jina la mtu namna gani?" aliuliza. "Kwa R au kwa L?"

Nilimjibu kwamba tutachagua moja ili yafanane yote.

"Hapana," alisema. "Mimi kwenye kitambulisho walinibadilisha jina, nikanyamaza. Kwenye kadi ya kura wakanibadilisha tena, nikanyamaza. Wewe mdogo wangu usije ukawa wa tatu. Jina la mtu liache alivyolileta. Wewe tafuta tu."

Nilibishana naye kidogo kwa kuwa ndivyo tulivyo, lakini basini wakati wa kurudi nilijua yeye ndiye aliyekuwa sahihi. Ule usemi wake ulibadilisha programu yote. Jina lingebaki kama lilivyoandikwa kwenye jalada. Pembeni yake, mahali ambapo hakuna anayepaona, programu ingetengeneza umbo lingine la kutafutia tu: r na l zikawa kitu kimoja, e na i kitu kimoja, o na u kitu kimoja, herufi zilizorudiwa zikawa moja, gh ikawa g, bh ikawa b. Nilimweleza mwalimu wa simu nilichotaka, akaniuliza swali ambalo sikuwa nimelifikiria: watu wawili tofauti wakitoa umbo moja, nitawatofautishaje? Nikakaa na swali hilo siku mbili. Jibu langu lilikuwa kwamba programu isiamue. Ilete wote, na kijiji chao na mwaka wao wa kuzaliwa, na mtu aliye dirishani aulizwe. Akasema hilo ni jibu zuri. Safari hii sifa niliipokea.

Siku nilipoona ng'ombe wote wa baba wanarudi, R kwa L, e kwa i, nilizima kompyuta nikatoka nje, nikasimama kivulini nyuma ya jengo. Sikumpigia mtu simu. Nilitaka kukaa na jambo hilo kwanza mwenyewe.

Mganga mfawidhi alikubali tuanze kuingiza majina ya mafaili ya kweli kwenye kompyuta ileile, ambayo haikuwa na mtandao. Niliingiza rafu kwa rafu, muda wa foleni fupi, kwa miezi. Ndipo tulipoanza kuwaona watu wetu. Mwanamume mmoja alikuwa na mafaili matatu: moja linasema ana shinikizo la damu, la pili halisemi kitu, la tatu linasema aliacha kuja. Hakuwa ameacha kuja. Alikuwa anakuja kila mwezi kwa herufi nyingine. Mama mmoja mjamzito alikuwa ameandikwa mara mbili kwamba ni mimba yake ya kwanza. Muuguzi alikuwa akiwauliza wenyewe wanapokuja, wakikubali ndio wao tunaunganisha mafaili. Tulifanya hivyo taratibu, na wachache walisema hapana, huyo siyo mimi, tukawaacha.

Yule bibi wa Nyamuswa alirudi mwaka uliofuata, kwa kikohozi. Nilimtambua alipokuwa bado yuko mwisho wa foleni. Nilimwamkia, akaitikia bila kunikumbuka, kisha akanitazama vizuri, akakumbuka. Akataja jina. Nikaliandika nilivyolisikia, kwa R, kwa makusudi. Likaja lile la L, la Nyamuswa, na onyo lake tulilokuwa tumeliingiza kwa herufi kubwa.

"Umenipata?" aliuliza.

"Nimekupata, bibi."

"Siku ile ulikuwa unanitafuta wapi?"

"Kwenye R, bibi. Ulikuwa kwenye L."

"Mimi sijawahi kukaa kwenye R wala kwenye L," alisema. "Mimi nakaaga Nyamuswa."

Nilitaka kumwomba msamaha nilivyokuwa nimepanga tangu siku ile. Nilimwomba. Akasema ameshasikia, nimpe faili, mgongo unamuuma kusimama.

Habari za programu zilifika wilayani. Wakaja wageni watatu, mmoja wao afisa wa kompyuta, mwanamume wa rika la binti yangu. Alizunguka kwenye programu kwa dakika kama kumi, akaniuliza nimesomea wapi. Nilimwambia ukweli: kwenye simu, kwa akili mnemba, saa ya chakula. Akamgeukia mganga mfawidhi na kumwambia, nikiwa nimekaa palepale, kwamba basi hii ni kazi ya AI, mama amenakili tu, na kitu cha kunakili hakiaminiki maana mwenyewe hawezi kukirekebisha.

Nilitoa simu yangu mfukoni, nikampa mganga mfawidhi aishike. Nikamwambia yule afisa, "Mwanangu, niagize kitu. Chochote unachotaka kibadilike. Nitakibadilisha mkiwa mmekaa."

Akasema anataka mtu aweze kutafuta kwa sehemu tu ya jina, na walio wa kijiji kimoja waje juu. Nilivuta kiti. Niliandika kama nilivyozoea, hatua kwa hatua, nikinong'ona kama ninavyofanya nikiwa peke yangu. Nikaijaribu. Kosa. Nilisikia mmoja wa wageni akivuta pumzi. Nikausoma ujumbe: mstari wa arobaini na moja. Nilikuwa nimelinganisha kijiji chenye herufi kubwa na kijiji chenye herufi ndogo. Nikarekebisha, nikajaribu tena. Majina yakaja, ya Nyamuswa yakiwa juu.

Hakuna aliyepiga makofi, na sikuyataka. Afisa alivuta kiti akakaa karibu yangu, akaniuliza kwa nini sikuliweka umbo la kutafutia mahali pa jina lenyewe, ingekuwa rahisi. Nilimweleza habari ya dada yangu na kitambulisho chake. Akaandika kitu kwenye daftari. Alipoondoka aliniaga kwa kusema shikamoo, ambayo hakuitoa alipoingia.

Ripoti ilikuja baada ya wiki kadhaa. Ilisema kituo kimebuni njia nzuri ya kutafuta mafaili "kwa msaada wa akili mnemba". Mtu hakutajwa. Niliandika barua kuomba sentensi hiyo irekebishwe, isemwe kwamba imetengenezwa na mtunza kumbukumbu wa kituo. Sikutaka hata jina, nilitaka cheo. Mwalimu wangu wa simu nilimwonyesha barua kabla ya kuipeleka, akashauri niilainishe. Nikaipeleka ilivyokuwa. Haijajibiwa.

Mfumo mkubwa nao ulifika, ule tuliokuwa tunausubiri. Tuliitwa semina mjini Musoma. Ni mfumo mzuri, sina sababu ya kuusema vibaya. Unafanya mengi ambayo yangu haiwezi. Walipofika kwenye kutafuta mgonjwa nilinyoosha mkono, nikauliza nikiandika R na mtu ameandikwa L, utamleta? Mwezeshaji alijaribu mbele yetu. Haukumleta. Akasema wagonjwa waelekezwe kuja na kadi zenye namba. Nikamwambia kadi zinalowa, zinaliwa na panya, zinabaki kwenye mfuko wa koti la mtu aliyesafiri. Akaniuliza kwa heshima nina cheti gani cha mambo haya. Nilisema sina. Wote wakasubiri nikae. Sikukaa. Nilisema cheti sina, lakini swali ninalo, na naomba liandikwe kwenye kumbukumbu za semina. Mwanamke mmoja wa kituo cha Butiama akasema na lake liandikwe, ni hilohilo. Halafu mwingine, wa upande wa Bugwema. Likaandikwa.

Kwenye chumba changu sasa kuna kompyuta mbili. Mgonjwa akija na namba, namtafuta kwenye mfumo mkubwa. Akija na jina tu, naanza na programu yangu, ambayo nimeiongezea namba za kadi, inanipa namba yake, ndipo naingia kule. Sikuomba ruhusa ya kufanya hivyo, na hakuna aliyekuja kunikataza. Kila baada ya miezi mitatu nawaandikia wenye mfumo barua, nawaeleza ni wagonjwa wa aina gani wamekosekana kwao na wakapatikana kwetu, na nawawekea kanuni yote ya sauti, mstari kwa mstari, bure. Juzi nimepeleka ya tano. Zile za kwanza zilianza na neno "naomba". Hii nimeianza na "nimejaribu, na hiki ndicho nilichokiona."